Mwanajuma si mtoto wa Juma: neno "mwana" katika majina ya kike ya Waswahili

Mtu aliyejifunza Kiswahili mbali na pwani akikutana na jina Mwanajuma, jambo la kwanza linalomjia ni "mtoto wa Juma". Hawezi kulaumiwa, kwa sababu neno mwana kwa maana ya mtoto analijua tangu shule, na methali isemayo uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi imemthibitishia. Shida huanza anapouliza huyo Juma ni nani, akajibiwa kuwa baba yake Mwanajuma anaitwa Ali, babu yake anaitwa Makame, na katika ukoo mzima hakuna Juma anayekumbukwa.

Mwana katika majina haya ni neno la heshima. Katika Kiswahili cha zamani, hasa cha Lamu, Pate na Mombasa, mwana aliitwa bibi mwenye nyumba, mke wa mtu mkubwa, au mwanamke aliyetawala. Mwanamume wa hadhi hiyo aliitwa bwana au mwinyi. Kwa hiyo Mwanajuma ni sawa na kusema "Bi Juma", na Juma katika jina hilo ni Ijumaa, siku aliyozaliwa. Mwanahamisi amezaliwa Alhamisi, na Mwanaidi amezaliwa siku ya Idi au karibu nayo.

Katika hilo la Alhamisi kuna jambo dogo la kufurahisha. Hamisi ni "ya tano" kwa Kiarabu, kwa kuwa Waarabu huanza kuhesabu siku kutoka Jumapili. Mswahili huanza kutoka Jumamosi, ndiyo maana Jumatano yake imebeba tano ya Kibantu na siku inayofuata imebeba tano ya Kiarabu. Juma letu lina siku mbili za tano zilizofuatana, na Mwanahamisi ni binti wa ile ya pili.

Ushahidi kwamba mwana hapa ni heshima haupatikani katika majina ya siku, kwa sababu "mtoto wa Ijumaa" bado ingeweza kueleweka. Unapatikana katika jina kama Mwanaisha. Aisha ni jina kamili la Kiarabu, lenye maana ya aliye hai, nalo ni jina la mke wa Mtume, binti wa Abu Bakar. Waswahili wamelifanya Asha, na wengine Esha. Kama mwana lingekuwa "mtoto wa", basi Mwanaisha angekuwa mtoto wa mama aitwaye Aisha, na sijapata kusikia desturi ya kumpa msichana jina la namna hiyo pwani, ambako mtu huitwa kwa jina la baba. Ukisoma "Bi Aisha", utata wote unaondoka.

Ushahidi wa pili, ambao kwangu ndio mzito zaidi, ni kwamba majina haya yana wenzao wa kiume. Penye Mwamvua, yaani Mwanamvua lililofupishwa, pana Mwinyimvua, na wote wawili wamepewa mvua iliyonyesha siku ya kuzaliwa kwao. Penye Mwanajuma pana Mwinyijuma, penye Mwanakombo pana Mwinyikombo. Mwinyi ni umbo la zamani la mwenye, yaani mwenye mali, mwenye nchi, na watawala wa Unguja wa asili waliitwa Mwinyi Mkuu. Haiwezekani neno moja la jozi liwe cheo na lingine liwe "mtoto".

Historia nayo inaonyesha neno hilo likitumika lingali peke yake. Masimulizi ya Mombasa yanamtaja Mwana Mkisi kuwa mtawala wa mji kabla ya Shehe Mvita. Katikati ya karne ya 17 Unguja ilikuwa na malkia aitwaye Mwana Mwema, na katika karne ya 18 Pate ilitawaliwa na Mwana Khadija. Anayejulikana kuliko wote ni Mwana Kupona binti Msham, mke wa Bwana Mataka aliyetawala Siyu, ambaye mwaka 1858 alimtungia binti yake utenzi wa mawaidha. Na binti huyo naye aliitwa Mwana Hashima. Tazama jinsi nyumba hiyo moja ilivyopangika: baba ni Bwana, mama ni Mwana, binti ni Mwana. Jina la mama hasa lilikuwa Kupona, kitenzi kile kile cha mgonjwa aliyepata nafuu.

Baadaye neno bi, lililo fupi na jepesi, likachukua kazi ya kumheshimu mwanamke katika mazungumzo ya kila siku, na mwana likabaki limegandamana na majina. Lilipogandamana, matamshi yakabadilika. Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, hivyo mwana likisimama peke yake mkazo uko kwenye mwa, lakini katika Mwanajuma mkazo umehamia kwenye ju na sehemu ya mbele imebaki bila nguvu. Silabi isiyo na nguvu haichelewi kumezwa. Mpe mama jina hilo alipaze kutoka uani, mara tatu mfululizo, mtoto akiwa anacheza mtaa wa pili: ya kwanza itakuwa Mwanajuma, ya tatu itakuwa Mwajuma. Ndivyo pia Mwanamvua alivyokuwa Mwamvua.

Hapa inafaa kutahadhari, kwa maana kila Mwa- si huyu. Majina ya ukoo ya Wanyakyusa wa Mbeya, kama Mwaipopo, na ya Wataita na Wadigo, kama Mwakwere, yana Mwa- yenye asili nyingine na hayachagui mwanamke. Vilevile mwana la mwanafunzi, mwanachama na mwanasiasa ni "mtu wa jambo fulani", awe wa kike au wa kiume. Kipimo chepesi ni wingi: mwanafunzi huwa wanafunzi, lakini wasichana watatu wenye jina moja ni kina Mwanajuma, na hakuna atakayewaita Wanajuma.

Tatizo la siku hizi liko kwenye karatasi. Fomu zetu huomba majina matatu, la mtu, la baba na la babu, na karani asiyelijua jina hili akiandika "Mwana Juma Ali" kwa kuachanisha, msichana anakuwa ameitwa Mwana, baba yake amekuwa Juma na Ali amesukumwa kwenye nafasi ya babu. Makame ametoka kabisa. Mwanahamisi ana mzigo wake pia, kwani cheti cha kuzaliwa huweza kusema Mwanahamisi na cheti cha shule kikasema Mwanakhamis, na akalazimika kula kiapo kwamba yeye ni mtu mmoja. Mwandishi wa leo aandike neno moja, herufi kubwa moja mwanzoni. Mwana Kupona na wenzake wa zamani tu ndio waachwe na maneno yao mawili, kwa kuwa kwao mwana kilikuwa cheo hasa.

Jina ninalolipenda kuliko yote ni Mwanasiti. Siti ni neno la heshima pia, lililotoka kwa Waarabu na maana yake ni bibi. Mwimbaji wa taarabu wa Unguja aliyezaliwa akiitwa Mtumwa ndilo alilopewa umaarufu ulipomfikia, akawa Siti binti Saad. Msichana aitwaye Mwanasiti, basi, ni bibi mara mbili, na akishakua majirani humwongezea la tatu, Bi Mwanasiti, wakawa wametaja heshima tupu tangu mwanzo hadi mwisho bila kutaja jina.