Heisman na ubingwa wa taifa katika msimu mmoja: maana yake nini?

Katika futiboli ya Kimarekani, ile ya helmeti na mpira wenye ncha mbili, mashindano ya vyuo vikuu hufuatiliwa kwa mapenzi makubwa. Mchezaji wa chuo ana mambo mawili makubwa ya kuota. La kwanza ni Heisman, tuzo ya mchezaji bora wa mwaka wa vyuo vikuu, inayotolewa tangu 1935, alipoipata Jay Berwanger wa Chuo Kikuu cha Chicago. La pili ni kubeba ubingwa wa taifa na timu yake. Anayevipata vyote ndani ya msimu mmoja huhesabiwa kuwa amefika kileleni.

Kabla hatujaenda mbali: msimu huitwa kwa mwaka ulioanzia. Joe Burrow wa LSU (Chuo Kikuu cha Jimbo la Louisiana), aliyevipata vyote viwili, anahesabiwa kwa 2019 ingawa fainali waliyowafunga Clemson 42-25 ilichezwa Januari 2020. Msimu huo alitupa pasi 60 za tachidauni, yaani pasi zilizofika mikononi mwa mwenzake hadi mwisho wa uwanja wa wapinzani, na timu yake ilishinda mechi zote 15.

Wanaoanza kuufuatilia mchezo huu hudhani Heisman ni zawadi ya bingwa. Sivyo. Wapiga kura wengi ni wanahabari wa michezo, wakiungana na waliowahi kuipata tuzo hiyo, na mashabiki wote kwa pamoja hupewa kura moja. Kila mpiga kura huandika majina matatu: wa kwanza huvuna pointi 3, wa pili 2, wa tatu 1. Kwa kawaida kura hufungwa mwanzoni mwa Desemba, mechi kubwa za mwisho zikiwa bado. Ni kama Ballon d'Or ingetolewa kabla ya robo fainali za Ligi ya Mabingwa.

Ndiyo maana Troy Smith wa Ohio State, kwotabeki (mpangaji wa mashambulizi na mtupaji wa pasi), aliingia fainali ya msimu wa 2006 tuzo ikiwa tayari kabatini. Mpira wa kwanza kabisa wa mechi, mwenzake Ted Ginn aliudaka na kukimbia nao hadi mwisho. Baada ya hapo ikawa aibu. Smith alikamilisha pasi 4 tu kati ya 14, zenye jumla ya yadi 35, na Florida wakashinda 41-14. Heisman yake haikuguswa.

DeVonta Smith wa Alabama aligeuza kisa hicho juu chini. Msimu wa 2020, kwa sababu ya korona, tuzo ilitangazwa Januari, siku chache tu kabla ya fainali dhidi ya Ohio State. Yeye ni mdakaji wa pasi, na wadakaji huipata Heisman kwa nadra sana. Hadi mapumziko alikuwa ameshadaka mipira 12, yadi 215, tachidauni 3. Mwanzoni mwa kipindi cha pili aliumia kidole akatoka, na Alabama wakamaliza kazi 52-24. Kwangu mimi, huo ndio mfano safi kuliko yote.

Sasa, neno "ubingwa" lenyewe halikuwa na maana moja miaka yote. Kwa muda mrefu hakukuwa na fainali: bingwa naye alipatikana kwa kura, na shirika la habari la AP lilianza kupanga orodha yake ya kila mwaka mwaka 1936. Msimu wa 1997 AP waliwapa ubingwa Michigan, timu ya Charles Woodson aliyeshinda Heisman mwaka huo, huku makocha katika kura yao wakiwapa Nebraska. Mfumo wa BCS, wa kuzikutanisha timu mbili za juu, ulianza 1998. Mchujo wa timu nne ulikuja 2014, na kuanzia 2024 zikawa timu 12. Ukimlinganisha Tony Dorsett wa Pittsburgh, aliyevikusanya vyote 1976, na mchezaji wa leo, kumbuka kwamba Dorsett hakupita kwenye mchujo wowote.

Kuna pia wanaokosa kwa msimu mmoja tu. Tim Tebow wa Florida alikuwa bingwa 2006 na 2008. Heisman aliipata 2007. Anavyo vyote viwili, ila si kwa maana tunayoizungumzia hapa. Archie Griffin wa Ohio State ndiye peke yake aliyeshinda Heisman mara mbili, 1974 na 1975, na misimu yote miwili ubingwa ulimponyoka katika mechi ya mwisho, Rose Bowl.

Halafu yuko Matt Leinart wa USC (Chuo Kikuu cha Southern California): Heisman ya 2004, kisha ushindi wa 55-19 dhidi ya Oklahoma katika fainali. Miaka kadhaa baadaye ilibainika kwamba mwenzake, Reggie Bush, alipokea manufaa yaliyokatazwa na kanuni za wakati huo. BCS wakaufuta ubingwa. Bush aliirudisha Heisman yake ya 2005, akarudishiwa 2024. Leinart hakunyang'anywa tuzo, na kwa AP, ambao hawakubadilisha kura yao, USC bado ni mabingwa wa 2004.