R&B sio muziki wa kulalia

Nasema hii mara ya mwisho halafu nanyamaza. Juzi tupo harusini Sinza, watu wameshakula, MC anakuja mpaka kwenye dramu ananiinamia sikioni, "broo hebu tupigieni R&B watu wapumue kidogo." Nikamtupia jicho mpiga besi, akacheka, tukawashushia "Choo Choo Ch'Boogie" ya Louis Jordan. Mama mmoja meza ya mbele akavua viatu akaingia katikati. MC akarudi amenuna: "nimesema R&B bana, sio rokenroli."

Ndo R&B yenyewe hiyo kaka. Hiyo ngoma ya 1946 ilikaa wiki 18 kileleni kwenye chati ya weusi wa Marekani, na Louis Jordan na kibendi chake kidogo ndo waliotengeneza njia ambayo wote tunapita. Bendi kubwa za watu kumi na tano zilikuwa hazilipiki tena, akabaki na saksafoni yake, trampeti, piano, besi, dramu, na kazi yao ilikuwa moja tu: watu wasikae chini.

Jina lenyewe hata halikutoka kwa wanamuziki. Jarida la Billboard lilikuwa na chati ya rekodi wanazonunua weusi, 1942 wakaiita Harlem Hit Parade, 1945 wakaiita Race Records, yani rekodi za mbari, jina ambalo hata wao baadaye liliwakwama kooni, mpaka mwandishi wao Jerry Wexler akaja na Rhythm and Blues, ndo hiyo R&B, wakaanza kulitumia Juni 1949. 1969 wakabadilisha ikawa Soul, 1982 ikawa Black, 1990 wakarudi kulekule. Na katikati hapo, toka mwisho wa 1963 mpaka Januari 1965, chati haikuwepo kabisa, kama vile muziki umesafiri. Yani walikuwa wanahesabu nani kanunua, mdundo hauwahusu. Ndo maana vitabuni utakuta maana ya R&B imenyooka kama rula, lakini mimi ukinifumba macho ukaniwekea rekodi za 1954 uniambie nitenganishe R&B na rokenroli nabahatisha tu. "Shake, Rattle and Roll" ya Big Joe Turner na ya Bill Haley ni wimbo mmoja, mwaka mmoja, maneno Haley kayapunguza ukali kidogo, Turner mweusi akawekwa R&B, Haley mzungu akawekwa rokenroli. Mimi naona tofauti kubwa ilikuwa rangi ya mwimbaji, na sioni aibu kusema.

Haya tuje kwenye kitu kinachoniuma kweli, maana hata wapiga dramu wenzangu wanakosea hapa. Watu wanadhani R&B ni spidi. Sio spidi, ni mkono unagawaje pigo. Chukua "The Fat Man" ya Fats Domino, imerekodiwa New Orleans Desemba 1949 kwenye studio ya Cosimo Matassa, mpiga dramu ni Earl Palmer. Snea, ile dramu ndogo yenye mlio mkali, inagonga pigo la pili na la nne kuanzia mwanzo mpaka mwisho. Leo unaona kawaida, kila ngoma iko hivyo, lakini kwenye jazi ya zamani ya pale New Orleans ule mkong'oto wa mbili na nne walikuwa wanauweka akiba kwa ile koras ya mwisho ya kulipuka. Palmer akauchukua mlipuko akaulaza kwenye wimbo mzima. Ni kama kupika pilau halafu kila kijiko kiwe na nyama.

Sasa kuna shafo, ule mdundo wa kubembea. Nafundisha hivi: sema mu-ho-go, mu-ho-go, silabi tatu sawasawa kwa kila pigo, halafu ile ho usiitamke, iache hewani. Mu…go, mu…go, mu…go. Hiyo ndo shafo, na R&B ya miaka ya 40 karibu yote inatembea hivyo. Vijana waliokulia kwenye chakacha wanaishika siku moja maana ile tatu-tatu wanayo mwilini tayari, waliojifunza kwa mashine ya biti wanasumbuka mwezi. Ukinyoosha inakuwa ku-ku, ku-ku, mbili sawa. 1955 Little Richard anaingia studio ileile ya Matassa kurekodi "Tutti Frutti", mkono wake wa kulia kwenye piano unatwanga kuku-kuku-kuku bila huruma, na Palmer mwenyewe alieleza baadaye kwamba ilibidi aachane na shafo amfuate Richard, maana ile piano haikumwachia nafasi.

Lakini usidhani siku moja muhogo ulikufa kuku akazaliwa, hapo ndo nagombana na watu. Sikiliza "Johnny B. Goode" ya Chuck Berry, 1958: gita la Berry limenyooka, dramu za Fred Below bado zinabembea. Wawili wanagawa pigo tofauti ndani ya wimbo mmoja, na ule mvutano ndo utamu wenyewe. Nimejaribu kuuandika kwenye karatasi ya nota, unaharibika. Kuna mahali katikati ya muhogo na kuku hapana jina, na nikisema nafundisha kile kitu nawadanganya wanafunzi, nachofanya ni kuwawekea rekodi mara hamsini na kuwaangalia mabega.

Kampuni za rekodi za Motown na Stax, Ray Charles kuchukua wimbo wa injili kuutia maneno ya kumpenda mwanamke, James Brown kukazia pigo la kwanza, hayo mnayajua, napita.

Sasa hii habari ya kubembeleza ilitoka wapi? Nyimbo za polepole zilikuwepo toka zamani, Charles Brown alikuwa anaimba kama mtu asiyetaka kuamsha jirani mwaka 1945, sikatai. Ila kilichowaharibu nyie ni redio. 1976 pale Washington, stesheni ya WHUR ya Chuo Kikuu cha Howard, Melvin Lindsey akaanza kipindi cha usiku cha nyimbo laini kikaitwa Quiet Storm, jina kutoka albamu ya Smokey Robinson, stesheni kibao zikaiga. Halafu 1992 Boyz II Men wakakaa wiki 13 namba moja na "End of the Road", kanda zikatufikia huku, basi ikawa R&B ni mshumaa.

Na bado. Miaka ileile mtayarishaji Teddy Riley alikuwa anachukua mashine ya dramu anairudishia muhogo, ila kaukata vipande vidogo mara mbili zaidi, ndo ile "swing" kwenye mtindo wa R&B unaoitwa new jack swing. "My Prerogative" ya Bobby Brown, 1988, hakuna mtu aliyeilalia ile.

Jumamosi tuna harusi nyingine Mbezi. MC ni yuleyule. Nimeshamwambia mpiga besi aanze na "Caldonia" ya Louis Jordan.