Je, wajua timu ya chuo kidogo iliwezaje kushinda mechi tano ndani ya siku sita bila kufungwa hata pointi moja?

Alhamisi ya Novemba 9, 1899, vijana wa chuo kidogo kutoka milima ya Tennessee, Marekani, waliingia uwanjani mjini Austin kupambana na Chuo Kikuu cha Texas. Wakashinda 12-0, wakapanda treni. Ijumaa wakawa Houston, Texas A&M ikalala 10-0. Jumamosi wakawa New Orleans, Tulane ikala kichapo cha 23-0. Jumapili wakapumzika. Jumatatu ikawa zamu ya LSU, yaani Chuo Kikuu cha Jimbo la Louisiana, pale Baton Rouge, 34-0, na Jumanne wakamalizia Memphis kwa kuichapa Ole Miss, yaani Chuo Kikuu cha Mississippi, 12-0. Jumla ni pointi 91 kwa sifuri, na zote walizipata ugenini.

Chuo chenyewe kinaitwa University of the South, lakini watu wengi wanakijua kama Sewanee, jina la mji mdogo kilipo. Ni chuo cha Kanisa la Kiepiskopali, ndugu wa Waanglikana wa kwetu. Mchezo ninaouzungumzia si kandanda bali ni futiboli ya Kimarekani, ule wa mpira uliochongoka ambao watu wanaubeba mikononi huku wakigongana kama mafahali.

Siku hizi klabu ikipangiwa mechi mbili ndani ya siku nne, kocha analalamika kwamba wachezaji wamechoka, na ana haki. Sasa hawa walipangiwa tano na nani?

Na meneja wao, Luke Lea, mwanafunzi mwenzao wa miaka 20. Chanzo kilikuwa pesa. Mechi iliyokuwa ikiwaingizia Sewanee fedha nyingi ni ile ya watani wao wa jadi, Vanderbilt ya Nashville. Mwaka ule pande mbili ziligombana juu ya mgawo wa mapato ya mlangoni, na mechi ikafutwa. Lea akaona pengo kwenye mfuko. Kusafiri hadi Texas kwa mechi moja kungekula nauli yote, ila mechi tano kwenye mzunguko mmoja zingeilipia safari yenyewe. Akaandikia vyuo na kupanga tarehe kwa kufuata njia ya reli.

Huyu Lea hakuwa mtu wa kuogopa jambo. Baadaye alikuwa seneta wa Tennessee, na Januari 1919 aliongoza kikundi cha wanajeshi wenzake kuingia Uholanzi kwa nia ya kumkamata Kaisari Wilhelm II wa Ujerumani, aliyekuwa amekimbilia huko, yule yule ambaye bendera yake ilipepea Dar es Salaam hadi 1916. Kaisari hawakumpata. Lakini ukijua hilo, ratiba ya 1899 haikushangazi sana.

Safari nzima ilikuwa ya kilomita 4,000 hivi. Wachezaji walikuwa 21 tu, pamoja na kocha wao Billy Suter aliyetokea chuo cha Princeton, na mkandaji wao Cal Burrows, Mmarekani Mweusi aliyehangaika na misuli yao kila baada ya mechi. Walilala kwenye behewa la vitanda, kwa hiyo treni ndiyo ilikuwa hoteli yao. Walibeba pia mapipa ya maji ya chemchemi kutoka nyumbani, ili tumbo la mtu lisije likavurugika kwa maji ya ugenini. Kwangu hayo mapipa yanasema mengi kuliko matokeo. Husimuliwa pia kwamba treni ilikwisha ondoka ndipo ikagundulika kuwa viatu vya kuchezea vimesahaulika, ikabidi itumwe simu ya maandishi ili viletwe na treni nyingine.

Tukija uwanjani, kanuni za wakati ule zinaeleza sehemu kubwa ya zile sifuri. Kurusha mpira mbele kulikuwa marufuku, na kulikuja kuruhusiwa kuanzia mwaka 1906. Timu ilipewa majaribio matatu ya kusogea yadi 5, yaani kama mita nne na nusu, na njia ilikuwa moja: kujazana na kusukumana. Ukishindwa, unampa mpira mpinzani. Ndiyo maana timu nyingi zilipendelea kuupiga teke mrefu mapema, mpinzani aanzie mbali. Sewanee walikuwa na Ormond Simkins, mpigaji hodari mno. Mpinzani aliyerudishwa karibu na mstari wake alilazimika kuusukuma mpira uwanja mzima, yadi chache chache, mbele ya ukuta wa watu.

Lakini kanuni hizo hizo ziliwatesa. Wale wale 11 walishambulia na kulinda, na aliyetoka hakuruhusiwa kurudi tena katika mechi hiyo. Kofia ngumu hazikuwa za kawaida, na wengi walifuga nywele ndefu ziwe mto wa kichwa. Kule Austin nahodha Henry Seibels, waliyemwita Diddy, alipasuka kichwani. Akafungwa jeraha, akabaki uwanjani, na tachidauni zote mbili za siku ile ni zake. Tachidauni, yaani kuufikisha mpira nyuma ya mstari wa mpinzani, ilikuwa na pointi 5, na teke la ziada likaongeza 1. Ndiyo hiyo 12. Na kesho yake kulikuwa na mechi nyingine.

Jumapili ile ya mapumziko walitembelea shamba la miwa la Louisiana. Nawaza vijana wale wenye mbavu zilizovimba wakipita taratibu kati ya mistari ya miwa, wakijua kesho kuna LSU. Na LSU ndio waliofungwa pointi nyingi kuliko wote watano.

Msimu ule Sewanee walishinda mechi zote 12, pointi 322 kwa 10. Hizo 10 zilitoka kwa timu moja tu, Auburn ya kocha John Heisman, ambaye tuzo ya mchezaji bora wa vyuo leo ina jina lake. Auburn walifungwa 11-10 siku ya Sikukuu ya Shukrani, Novemba 30. Siku mbili baadaye Sewanee wakaifunga North Carolina 5-0 mjini Atlanta, wakafunga msimu.

Hali haikudumu. Vyuo vikubwa vilikua na wanafunzi na fedha. Sewanee waliingia SEC, ligi ya vyuo vya kusini-mashariki mwa Marekani, ilipoundwa 1932, wakacheza mechi 37 za ligi hiyo, wakapoteza zote, wakajitoa 1940. Leo LSU, Texas na Texas A&M wana viwanja vya watu zaidi ya 100,000. Sewanee bado wanacheza kule kule mlimani, katika daraja la tatu la vyuo, ambalo halitoi ufadhili wa masomo kwa ajili ya michezo.