Huntha si hanithi

Kwa kinyozi mmoja hapa Kondele, Kisumu, redio ilitaja neno "huntha". Jamaa aliyekuwa kitini akacheka: "Si ndiye hanithi huyo?" Kinyozi akaitikia. Wamekosea, ingawa kosa lao lina asili.

Maneno haya ni ndugu. Yote yametoka Kiarabu, kwenye mzizi mmoja, kh-n-th, wenye maana ya kulegea au kujipinda. Lakini huntha ni mtu aliyezaliwa na maumbile ambayo si ya kiume kamili wala ya kike kamili. Mafakihi wa Kiislamu walimjadili tangu kale, hasa kwenye mirathi, maana fungu la mtoto wa kiume na la wa kike si sawa. Sasa huyu apewe lipi? Hanithi ni mwanamume aliyepungukiwa nguvu za kiume, na mitaani limekuwa tusi tu, tena baya.

Sensa ya 2019 ilihesabu mahuntha 1,524 nchini Kenya. Nilipowatajia, kinyozi alizima mashine.

"Kumbe huwa wanaandikwa?"

"Wanaandikwa. Jinsia yao ina nafasi yake kwenye fomu."