Pikipiki ya Matairi Manne: Utulivu Wake Unadanganya

Anayeiona pikipiki ya matairi manne kwa mara ya kwanza husema: hii haianguki. Hapo ndipo tatizo linapoanzia. Ajali yake mbaya kwa kawaida si kumrusha mtu, bali ni kupinduka na kumlalia aliyekuwa akiiendesha. Pikipiki hiyo, ikiwa ya mtu mzima, mara nyingi huwa na zaidi ya kilo 200, na ziko zinazofika 300.

Chanzo ni umbo lake. Imeinuliwa ili ipite juu ya mawe, lakini ni fupi na nyembamba. Matairi yana upepo kidogo, mara nyingi chini ya paundi 10, wakati ya gari dogo huwa karibu 30. Nyingi hazina difu nyuma, yaani gia inayoruhusu tairi moja kuzunguka haraka kuliko jingine, kwa hiyo matairi mawili ya nyuma huzunguka kwa mwendo mmoja hata kwenye kona. Kwenye mchanga hilo halisumbui, maana tairi huteleza kidogo. Kwenye lami hung'ang'ania: chombo kinakataa kukata kona, kisha kinakubali ghafla, na matairi ya upande wa ndani yananyanyuka. Aliyekuwa akicheza mchangani Igombe au Kayenze, kando ya Ziwa Victoria hapa Mwanza, akaona apandishe lami afike dukani mara moja, amejiongezea hatari hata kabla hajakutana na daladala.

Madereva wa bodaboda niwaseme peke yao, kwa sababu ndio wanaojiamini zaidi. Kwenye bodaboda ukiyumba unashusha mguu. Hapa mguu ukishuka, tairi la nyuma linaukanyaga na kuuvuta chini. Miguu ibaki kwenye vikanyagio hadi chombo kisimame. Mafuta nayo hayazungushwi kwa kiganja. Unasukuma kwa dole gumba, na mtu akishtuka akabana usukani, dole linazidi kusukuma. Kwenye kona chombo hakilali kama pikipiki, mwili wako ndio unaoegemea upande wa ndani. Kwenye vilima vyetu vya mawe, panda umeinamia mbele, shuka umeegemea nyuma, na usipite mteremko kwa ubavu.

Mshikaki hauna nafasi hapa. Kiti kile kirefu, isipokuwa kwa aina chache zilizotengenezwa kwa watu wawili, kimewekwa ili dereva asogee mbele na nyuma kutafuta mizani. Ukipakia mtu umeiziba nafasi hiyo.

Na watoto? Chama cha madaktari wa watoto cha Marekani kinashauri kwamba aliye chini ya miaka 16 asiviendeshe wala kupakiwa. Nchini humo vyombo hivi huua mamia ya watu kila mwaka, wakiwamo watoto. Nakubaliana na ushauri huo bila kupunguza. Mtoto wa kilo 35 hana uzito wa kukiegemeza chombo cha kilo 250. Kumpakata mtoto mbele sikukuu ili apigwe picha ni kumweka kifua na tumbo mbele ya usukani.

Unapokodi, jaribu breki kwanza. Vaa kofia ngumu na ufunge kamba yake, suruali ndefu na viatu vya kufunika mguu. Aliyekunywa asiguse ufunguo. Mwenye chombo akikupa ufunguo bila kofia wala maelezo, rudisha pesa yako mfukoni. Tena, wanaopenda kurusha maji kando ya ziwa wakumbuke kuwa kichocho kipo kwenye maji hayo ya kina kifupi.

Chombo kikimlalia mtu, zimeni injini, kisha mkinyanyue wengi kwa pamoja. Msimvute yeye. Kifua kilichobanwa hakipanuki, na mtu anaweza kuishiwa pumzi kwa dakika chache huku hana jeraha la kuonekana. Damu inayotoka ikandamizeni kwa kitambaa safi. Kama anapumua, shingo na mgongo visigeuzwe. Alazwe kwenye ubao, na asikalishwe katikati ya watu wawili kwenye bodaboda. Pigeni 112 ya polisi au 114 ya zimamoto na uokoaji.

Aliyegongwa tumbo na usukani apelekwe hospitali hata kama ameinuka na kutembea. Bandama iliyopasuka inaweza kuvuja damu taratibu na dalili zikaonekana baada ya saa nyingi, pengine siku. Akianza kulegea, kutokwa jasho la baridi au kuhisi maumivu ya bega la kushoto, msisubiri asubuhi.