Kabla Hujamkabidhi Prodyuza Skripti Yako

Binti mmoja alifika ofisini kwetu na daftari la kaunta, kurasa zimechakaa kwa kufunguliwa mara kwa mara. Alikuwa na hadithi ya mvuvi aliyerudi nyumbani baada ya miaka kumi na kumkuta mkewe ameolewa na mwingine. Alimsimulia prodyuza fulani wakiwa wanakunywa chai, naye akaisifia. Mwaka uliofuata akaona tamthilia ya namna hiyo kwenye runinga. Akaniuliza, "Nimeibiwa?"

Jibu lilimuumiza, nami liliniuma kulitoa. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya Tanzania, Na. 7 ya mwaka 1999, hailindi wazo. Mvuvi aliyerudi akakuta mke ameolewa ni wazo, na yeyote anaweza kulitumia. Kinacholindwa ni jinsi ulivyolieleza: mazungumzo, mpangilio wa matukio, wahusika uliowapa uhai. Daftari lake lilikuwa na mistari michache ya kujikumbusha. Hadithi yenyewe ilikuwa bado kichwani.

Laiti angekuwa ameandika hivi:

NJE. DIKONI – ALFAJIRI
Salumu anashuka kwenye ngalawa, viatu mkononi. Mama muuza chapati anamwona. Mwiko unabaki hewani.

Hapo tungekuwa na cha kulinganisha. Ukurasa mmoja wa skripti iliyopangwa vizuri hukadiriwa kuwa dakika moja ya filamu, kwa hiyo filamu ya saa moja na nusu inahitaji kurasa 90 hivi. Hakimiliki inaanza pale unapoandika, hata kabla ya kusajili. Hata hivyo sajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania Bara, au COSOZA kama uko Zanzibar, maana siku ya mgogoro cheti chenye tarehe kinakusaidia kuthibitisha.

Wanapoumia zaidi waandishi ni kwenye mkataba. Mkataba usiposema vinginevyo, mmiliki wa kwanza wa filamu iliyokamilika ni mtayarishaji, yaani prodyuza. Ndiye anayetafuta fedha, anayepeleka skripti Bodi ya Filamu kuomba kibali, anayekodi kamera na kulisha watu lokesheni. Mwandishi anabaki na haki ya kuitumia skripti yake kwingine, mathalani kuigeuza riwaya au mchezo wa jukwaani. Lakini akishasaini kwamba ameuza haki zote, hana tena cha kudai kwenye mapato.

Enzi za DVD, hata maprodyuza wenyewe walipatwa na hili. Wengi waliuza filamu na haki zake zote kwa wasambazaji wa Kariakoo kwa malipo ya mara moja. Miaka ikapita, filamu zikaendelea kurushwa, na waliozitunga hawakupata hata senti.

Kwa hiyo andika wazi kama unatoa ruhusa ya filamu moja au ya tamthilia yenye misimu. Andika malipo na awamu zake, na jina lako litakavyotokea kwenye skrini. Kuna kipengele ninachokisisitiza kuliko vyote: filamu isiposhutiwa ndani ya muda mliokubaliana, tuseme miezi 18, haki zirudi kwako. Nimeona skripti nzuri mno zikiozea kwenye kabati za watu ambao hawakuwa na nia ya kuzishuti.

Ukitaka kuwa mwandishi na mtayarishaji kwa pamoja, na ni njia nzuri, wajibu wa kuheshimu haki za mwandishi unakugeukia wewe. Filamu ya Vuta N'kuvute ya mwaka 2021, iliyoongozwa na Amil Shivji na kuoneshwa katika tamasha la Toronto, imetokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi. Ukiipenda riwaya ya mtu kiasi cha kutaka kuishuti, kamwombe ruhusa kwanza. Amefariki? Waone warithi wake, kwani ulinzi unaendelea miaka 50 baada ya kifo cha mwandishi.

Yule binti alirudi baada ya wiki kadhaa na kurasa 34 zilizochapwa. Mvuvi sasa alikuwa na jina, kovu shavuni na deni la nyavu. Tukaanza kujaza fomu.