Magofu ya Wamaya na senote: uliyosikia na yaliyopo

Mwongoza watalii wetu alisimama mbele ya ngazi za piramidi ya Kukulkán, pale Chichén Itzá, kwenye rasi ya Yucatán nchini Meksiko, akapiga kofi moja la nguvu. Mwangwi uliorudi haukufanana na kofi. Ulikuwa mlio mwembamba unaoteremka, kama wa ndege, naye akatuambia ndiyo sauti ya ketzali, ndege wa manyoya marefu ya kijani ambayo Wamaya waliyathamini sana. Kundi zima likaanza kupiga makofi. Ndipo dada mmoja akauliza: "Na hawa watu walikwenda wapi?" Yule kijana akajigusa kifuani. "Mimi Mmaya," akasema. "Nyumbani tunaongea Kimaya. Tupo hapahapa."

Naanza na hilo kwa sababu ndilo kosa linalozaa mengine mengi.

Dhana: Wamaya walitoweka

Hawakutoweka. Ni kweli kwamba kati ya karne ya 8 na ya 10 miji mikubwa ya kusini, mfano Tikal iliyoko Guatemala ya leo, ilihamwa na watu wake. Ukame uliojirudia na vita vya mji kwa mji ni miongoni mwa sababu zinazotajwa zaidi. Lakini Tikal ilipokuwa inazima, Chichén Itzá kaskazini ilikuwa inawaka. Nayo ilipodhoofika, mji wa Mayapán ukashika usukani hadi katikati ya karne ya 15. Wahispania waliuanzisha mji wa Mérida mwaka 1542, wakadhani kazi imekwisha, kumbe mji mkuu wa ufalme wa mwisho wa Wamaya, Nojpetén, ulikuja kuanguka 1697. Miaka 150 baadaye, mwaka 1847, Wamaya wa Yucatán waliwainukia mabwana wa mashamba, na vita ile ikaendelea kwa zaidi ya nusu karne.

Sensa ya Meksiko ya mwaka 2020 ilihesabu zaidi ya watu 770,000 wanaozungumza Kimaya cha Yucatán. Ukivuka kwenda Guatemala utawakuta mamilioni wa jamii hiyohiyo, na lugha zao zote pamoja zinakaribia 30. Kwa hiyo anayekufungulia mlango wa basi, anayekukandia tortilla mezani na anayekupa jaketi la kuokolea maisha kule majini, aghalabu ni wajukuu wa waliojenga unachokwenda kukipiga picha. Neno la kwanza linalofaa kujifunza ni *ma'alob*, yaani "vizuri". La pili ni *dyos bo'otik*, "asante".

Dhana: Mawe yale hayakupangwa na watu wa pale

Hii inanikera kuliko zote, na msomaji wa pwani yetu ataelewa kwa nini. Gede na Kilwa Kisiwani tuliwahi kuambiwa kwa miaka mingi kwamba nyumba za mawe na misikiti ile ni kazi ya wageni kutoka Uarabuni na Uajemi, Mwafrika alikuwa mtazamaji tu. Yucatán waliambiwa hayohayo. Kwanza wakasingiziwa Wamisri, kisha watu wa bara lililozama, siku hizi viumbe wa angani. Msafiri wa Kimarekani John Lloyd Stephens, aliyezunguka magofu hayo kuanzia 1839, alishayakataa mapema: waliojenga ni mababu wa watu hawahawa aliowakuta wakilima mahindi pembeni.

Ushahidi uko wazi. Mwamba wa chokaa ukiwa bado ardhini unachongeka kwa zana za jiwe gumu, na machimbo yao yapo. Chokaa ya kujengea waliipata kwa kuchoma mawe kwa kuni, jambo ambalo fundi yeyote wa Lamu au Pemba analifahamu. Hawakuwa na farasi wala ng'ombe wa kukokota, mizigo ilikwenda kwa migongo ya watu, na bado walitengeneza barabara nyeupe za mawe zinazoitwa *sakbe*. Moja, kutoka Cobá hadi Yaxuná, ina urefu wa kilomita 100 hivi. Na hesabu zao zilikuwa na sifuri. Piramidi ya Kukulkán ina ngazi nne, kila moja vidato 91. Jumlisha na jukwaa la juu, unapata 365.

Tena maandishi waliacha. Mwaka 1562, kule Maní, padri Diego de Landa alivichoma vitabu vyao vingi. Vilivyobaki duniani ni vinne tu. Hata hivyo maandishi ya kwenye mawe yalisalia, na tangu mwaka 1952, Mrusi Yuri Knorozov alipoonyesha kwamba alama nyingi ni za silabi, wataalamu wamekuwa wakiyasoma: majina ya wafalme, vita, ndoa, tarehe.

Kuhusu tarehe: hawakutabiri mwisho wa dunia mwaka 2012. Tarehe 21 Desemba mwaka ule mzunguko mmoja mkubwa wa kalenda yao ulifika ukingoni na mwingine ukaanza. Maandishi ya Palenque yanataja siku iliyoko mwaka 4772.

Dhana: Utapanda piramidi, kisha uogelee kwenye kisima cha kafara

Vyote viwili havipo. Kupanda Kukulkán kulipigwa marufuku tangu 2006, baada ya mgeni kuanguka na kufa. Na ile Senote Takatifu (senote ni shimo la asili la mwamba lenye maji chini), mwendo mfupi kutoka piramidi, haiogelewi. Unasimama juu na kutazama: shimo la mita 60 kwa upana, kuta zimesimama wima mita 20 na ushee, chini maji ya kijani kizito yasiyotikisika. Senote ya kuogelea ni nyingine. Wengi hupelekwa Ik Kil, kilomita chache tu kutoka hapo, ambako maji yako mita 26 hivi chini ya usawa wa ardhi.

Dhana: Waliotupwa majini walikuwa mabikira

Hadithi hii husimuliwa kwa mbwembwe palepale ukingoni, na watu hupenda kuisikia. Sehemu yake ni kweli: binadamu walitolewa kafara Chichén Itzá, na kulificha hilo si kuwaheshimu Wamaya. Lakini habari ya mabikira ilinogeshwa zaidi na Edward Thompson, balozi mdogo wa Marekani aliyelinunua shamba lenye magofu hayo mwaka 1894. Kuanzia 1904 alikuwa anakwangua tope la ile senote kwa ndoo ya chuma, akatoa dhahabu, johari za kijani, ubani na mifupa, akavipeleka Chuo Kikuu cha Harvard. Baadhi vimerudishwa Meksiko tangu hapo. Mifupa ilipochunguzwa, ilikutwa ya wanaume, wanawake na watoto wengi.

Utafiti uliochapishwa Juni 2024 umeongeza jambo zito zaidi. Mwaka 1967 mabaki ya watoto wengi yalikutwa ndani ya hodhi la kale la chini ya ardhi, karibu na Senote Takatifu. Wanasayansi wamepima vinasaba vya watoto 64 kati yao. Wote walikuwa wa kiume. Wengi walikuwa wadogo, wa miaka mitatu hadi sita, kiasi cha robo walikuwa na ndugu wa karibu humohumo shimoni, na mlikuwa na jozi mbili za mapacha wa kufanana. Mapacha wana nafasi kubwa katika masimulizi ya Wamaya. Watafiti walichukua pia vinasaba vya wakazi wa kijiji cha Tixcacaltuyub, na vikaonyesha undugu na watoto wale. Nikisimama pale ukingoni na kusikia kicheko kuhusu mabikira, huwaza hao wavulana, na wakazi wa kijiji kile waliopimwa.

Kwa uwanja wa mpira, ambao una urefu wa mita 168, utasikia kwamba mshindi ndiye aliyekatwa kichwa. Mchongo wa ukutani unaonyesha kweli mchezaji aliyekatwa, damu ikitoka kwa umbo la nyoka. Hausemi kama alishinda au alishindwa.

Dhana: Senote zote zilichimbwa na kimondo

Kimondo kilianguka kweli, miaka milioni 66 iliyopita, penye mji wa Chicxulub wa leo, na ndicho kinachohusishwa na kufa kwa dinosaria. Lakini kreta yake, yaani shimo kilichochimba, imefukiwa chini ya mamia ya mita za mwamba uliokuja baadaye. Senote ni kazi ya mvua. Yucatán ilikuwa sakafu ya bahari, ni mwamba wa chokaa mtupu, ndugu wa mwamba wa matumbawe tunaoujua sisi. Aliyewahi kushuka pango la Kuza kule Jambiani, Zanzibar, akakuta maji mepesi chini ya mwamba, ana picha tayari. Mvua hubeba asidi kidogo kutoka hewani na udongoni, inakula jiwe taratibu, mapango yanafunguka, na siku moja dari linabomoka. Hapo ndipo senote inazaliwa. Alama ya kimondo iliyobaki ni mpangilio: ukingo wa kreta ulidhoofisha mwamba, basi kuna pete kubwa ya senote inayoufuata, na vijiji vya Homún na Cuzamá viko juu yake.

Wala senote si shimo lisilo na mwisho, ni dirisha. Wapigambizi walipounganisha mapango ya Sac Actun na Dos Ojos mwaka 2018, njia za chini ya maji zilizopimwa zilifika kilomita 347. Zama za barafu, bahari ilipokuwa chini, mapango hayo yalikuwa makavu na watu waliingia. Mwaka 2007, katika shimo la Hoyo Negro, alikutwa binti wa miaka kama 15, aliyekufa zaidi ya miaka 12,000 iliyopita.

Dhana: Njiani hakuna cha kuona

Mabasi kutoka Cancún huenda kilomita 200 hivi, na watu hulala. Nawaelewa, safari inaanza alfajiri. Angalia saa tu: Cancún iko saa moja mbele ya Chichén Itzá, na lango hufunguliwa saa mbili asubuhi ya huko. Anayefika saa sita mchana anakutana na jua na umati kwa pamoja. Tiketi za kuingia pia ni mbili, ya jimbo na ya serikali kuu. Uliza mapema kama bei uliyolipa imezijumuisha zote.

Ila ukitokea Mérida kwenda Mayapán na senote za Cuzamá, usilale. Utapita kwenye mabaki ya mashamba ya mkonge. Mimi ni mtoto wa Muheza, baba alikata mkonge, na nilipoona safu za majani yale ya miiba, bomba refu la korona, kiwanda cha kuchakata mkonge, lililosimama peke yake na reli nyembamba zikipotea majanini, nilimwomba dereva asimame. Jina "sisal" ni la bandari moja ya Yucatán. Mwaka 1893 mtaalamu wa kilimo wa Kijerumani, Richard Hindorf, aliagiza miche 1,000 kutoka Florida, ambako mmea huo ulifika ukitokea Meksiko. Miche 62 tu ndiyo iliyofika hai Tanganyika, na kutoka kwayo yakaja mashamba yote ya Tanga. Upande wa Yucatán, waliokata mkonge wa aina yao, henequén, walikuwa Wamaya waliofungwa na madeni yasiyolipika. Reli za troli za Cuzamá zilikuwa za kubeba mkonge. Leo farasi anavuta troli hizo zikiwa na watalii kwenda senote.

Dhana: Kuoga kabla ya kuingia ni usumbufu tu

Nimeshuhudia mtu akigombana na mlinzi kwa sababu losheni yake ya jua imeandikwa kwamba haidhuru mazingira. Mlinzi hakumwelewa, naye hakuelewa anachozuiwa. Kaskazini ya Yucatán haina mito juu ya ardhi. Maji ya bombani, ya kisimani na ya senote ni yaleyale, yanatembea chini ya mwamba kuelekea baharini, na mwamba wenye matundu hauchuji. Losheni na dawa ya mbu za watu mia kadhaa kwa siku zinaingia kwenye maji ya kunywa ya kijiji. Vaa shati la mikono mirefu, uache losheni.

Jaketi nalo usilionee haya hata kama umezaliwa pwani. Hakuna ufuko, kina kinaanza pale unapoachia ngazi, na baada ya jua la magofuni maji ya nyuzi 24 au 25 hukata pumzi kidogo.

Tulipokuwa kwenye foleni ya kuoga, yule kijana mwongoza watalii alituambia kwamba kwao, mvua ikichelewa, wazee bado wanafanya *ch'a' chaak*, ibada ya kumwomba Chaak mvua. Maji ya ibada huitwa *suhuy ha'*, maji ambayo hayajaguswa, na babu yake huyateka kwenye shimo ambalo wageni hawaonyeshwi. Nilijisugua mabega mara ya pili. Kisha tukashuka ngazi za jiwe lililolowa, moja baada ya nyingine, mizizi ya miti ikining'inia kutoka juu hadi majini kama kamba za kisima.